Karani wa Mikimbio

Daftari lenyewe lilikuwa la Reli,
la kuandikia mizigo: magunia, uzito, kituo cha kushukia.
Baba alinipa lililobakiwa na kurasa,
nami nikachora mistari yangu juu ya mistari yao.
Ndivyo Ntabo Kasanda alivyoingia kwenye hesabu,
katikati ya marobota ya tumbaku ya Urambo.

Mpira usiozaa kitu huandikwa nukta.
Msimu wake wa kwanza ni nukta, nukta, nukta,
kama mvua iliyojaribu vumbi la Isevya ikaghairi.

Alikuwa fundi wa breki pale karakana.
Mikono ilinuka grisi hata Jumapili.
Gongo la kwanza alilichonga mwenyewe, la mninga,
zito kama deni la ndugu;
likipiga, mlio ulifika Ng'ambo.
La pili lilitoka Dar es Salaam kwa behewa la mizigo,
limeviringishwa gazeti. Akalisoma gazeti kwanza.

Miaka kumi na mmoja aliichezea timu ya mkoa.
Usiniulize vikombe.
Tulisafiri daraja la tatu, tumeukalia mkeka wa makumbi
ule ule wa kutandika uwanjani juu ya changarawe.
Dodoma walitufunga. Mwanza walitufunga.
Morogoro mvua ikatusitiri.
Watu wa Gongoni wakauliza: Kriketi,
si ule mchezo wa kusimama?
Ndiyo, akasema Ntabo, ule wa kusimama.
Njoo usimame.

Halafu ikaja siku ya Mwanza, hapa kwetu.
Jua la Oktoba, maembe mabichi, upepo hakuna.
Wageni wawili wa kuchagua timu ya taifa
walikalia viti vya kukodi, soda mkononi,
wakingoja kumwona mtu wa bara akifika hamsini.
Nikaandika arobaini na tisa. Nikapiga mstari chini yake.
Mpira uliofuata ukampita, mdakaji akaudaka,
na papo hapo treni ya Kigoma ikapiga honi.
Hakuna aliyesikia kitu.
Mwanza walipaza mikono kwa mazoea tu;
mwamuzi akatikisa kichwa: cheza.

Ntabo akalikwapatia gongo lake, akatoka.

Umegusa, aliniambia akifungua kamba za viatu.
Unywele tu. Lakini mkono umesikia.

Wageni walimaliza soda zao.

Baada ya hapo ni goti, ni karakana kupunguza watu,
ni asali ya Sikonge kwenye madumu ya njano
aliyouza dirishani kwa abiria wenye haraka.
Jioni aliwafundisha watoto wa Chemchem,
wiketi zao mabua matatu ya mtama.
Mbuzi wakizila, mechi imekwisha.

Mwaka jana, nikihama Kitete, nililifungua daftari.
Sijui kwa nini nilijumlisha upya.
Ova ya kumi na saba, mpira wa nne:
mkimbio mmoja nimempa Hamduni Bilali,
na Hamduni alikuwa upande wa pili, kasimama, anafunga mkanda.
Ganda la karanga lilikuwa bado limebanwa kwenye mshono wa kurasa.
Nilikuwa namenya karanga, bwana.
Nilikuwa namenya karanga.

Nikaenda kwake, daftari kwapani, kalamu tayari.
Mwangaluka, Ntabo.
Mwangaluka, Karani.
Hamsini, nikasema. Siku ile ulitoka na hamsini.

Akaifuata safu kwa kidole, polepole,
kama anayetafuta ufa kwenye chuma.
Hamduni alimaliza na ngapi?
Nne.
Na ukimtoa huu?
Tatu.
Akalifunga daftari.
Mwachie, akasema. Marehemu hapunguziwi.

Kisha akaniuliza, bila kucheka,
kama bado napenda karanga.